Mate Kwenye Padi

Padi ya kuchezea gemu ilikuwa imelowa tena. Dada mwenye banda la gemu aliifuta, akanusa kitambaa. Mate. Tena mate yaliyolala.

"Uchafu gani huu, jamani!"

Alijua chanzo. Mdogo wake, ambaye wateja walimwita Bingwa, hakuwa na mpinzani kwenye lile gemu la katuni wanaopigana. Kabla ya kuachia Pigo la Joka alilamba kidole gumba ili kiteleze, akakizungusha, akabonyeza, na moto ukajaa kioo kizima cha runinga. Basi banda zima likamuiga. Wakalamba, wakabonyeza, wakapokezana padi ile ile. Kinyaa kitupu! Wala hawakujua kuna kitu mle kinachoyala mate yao.

Mchana ule Bingwa aliachia pigo, na mpiganaji wa kwenye runinga akanguruma kwa sauti ya Bingwa mwenyewe. Watu wakacheka. Bingwa naye akafungua kinywa acheke, ukatoka ute tu, mzito, wa njano, ukamchuruzika hadi kifuani.

"Sema basi! Wewe, sema!" Dada alimtikisa. Ute ukazidi kumtoka. Wateja walishatoka mbio, wengine pekupeku.

"Amenilisha mwenyewe," runinga ikanong'ona kwa sauti ya mdogo wake. "Anayemtaka, acheze."

Dada alijua kutengeneza padi, si kucheza. Lakini mdogo wake alikuwa ameanza kupaliwa na ute ule, macho yamemtoka pima, kwa hiyo akaishika padi, nayo ilikuwa ya uvuguvugu, vitufe vinabonyea kama fizi, na kila alipojaribu kuzungusha kidole kilinasa kwenye ute na kitu chini yake kikakiramba polepole, huku mpiganaji wake akipigwa, naye Bingwa akizidi kuwa wa bluu, mpaka Dada akasahau kinyaa, akasahau kila kitu, akafanya alichoona wakifanya kila siku: akakilamba kidole, uvundo ukamjaa kinywani, akazungusha, akabonyeza.

Moto ukajaa kioo. Runinga ikazimika.

Bingwa akakohoa, akatema donge la ute lenye nywele, akavuta pumzi.

"Dada?"

Sauti yake! Yake mwenyewe! Dada akamkumbatia huku machozi yakimtoka, akafungua kinywa amjibu. Kitu cha uvuguvugu kikamteremka kidevuni.

"Abee, mdogo wangu," runinga iliyozimika ikajibu.