Wendy Hataki Wageni

Kila asubuhi, kabla ya kwenda shuleni, Kagure alipitia kwenye kibanda cha Mama Lynn pale mtaani Skuta. Mama Lynn aliwauzia chai na mandazi watu wanaowahi kazini, na binti yake mdogo, Wendy, alimsaidia kukaanga. Wendy akimaliza, alivua aproni, akanawa uso kwa maji baridi, na wasichana hao wawili wakaondoka pamoja huku pumzi zikiwatoka kama moshi kwa baridi ya Juni. Walikuwa wanafunzi wa Gredi ya Saba, na tangu chekechea walikuwa marafiki.

Jumatatu moja Kagure alikuta kibanda kimefungwa. Mafuta yalikuwa yamemwagika mlangoni na kuganda juu ya udongo. Mwuza mboga wa jirani ndiye aliyemweleza. Mguu wa jiko ulikuwa umevunjika ghafla, karai likapinduka, na mafuta ya moto yakamrukia Wendy shavuni, shingoni na begani. Alikuwa amekimbizwa hospitali mjini.

Wiki tatu zilipita. Ijumaa moja Mwalimu Wambugu, mwalimu wao wa darasa, akawachukua Kagure na Griffins, kiranja wa darasa, wakaenda kumjulia hali mgonjwa. Walibeba kadi iliyotiwa sahihi na darasa zima. Kabla ya kuondoka Kagure aliwaambia wenzake, "Mimi nitawaletea habari zote."

Lakini mlangoni pa wadi walisimamishwa na muuguzi aliyeitwa Sista Rowda, mwanamke wa Nanyuki mwenye hijabu nyeupe na sauti ya chini.

"Wendy anawashukuru kwa kuja," alisema. "Ila hataki wageni. Ametaja watu wawili tu, mama yake na dada yake Lynn. Hayo ndiyo majina yaliyo kwenye daftari la langoni."

"Lakini mimi si mgeni," Kagure alisema. "Mimi ni rafiki yake."

"Najua, mtoto wangu. Lakini mgonjwa ana haki ya kuchagua atakayemwona. Hata akiwa mtoto tunamsikiliza. Akisema hapana, kazi yetu ni kumlinda."

Mwalimu Wambugu hakubishana. Alimkabidhi Sista Rowda kadi, akashukuru, wakageuka. Walipokuwa wakitoka, Griffins alimnong'oneza Kagure, "Ati rafiki. Kumbe hata wewe hakutaki."

Maneno hayo yalimchoma. Usiku kucha Kagure alijiambia kwamba Wendy hakujua nani amekuja, kwamba angejua ni yeye angemruhusu. Hayo ndiyo aliyojiambia. Jambo jingine hakulisema hata moyoni mwake: alitaka kuwa yeye, na si mwingine, aliyemwona Wendy.

Siku iliyofuata, Jumamosi, alimwambia mama yake kwamba anaenda mazoezi ya kwaya. Mama yake, Waithira, alikuwa mshonaji wa sare za shule, na siku hiyo alikuwa na kazi nyingi. Aliitikia bila kuinua macho kutoka kwenye cherehani. Kagure alivaa sweta la mama yake, akajifunga kitambaa kichwani ili aonekane mkubwa, akashika njia ya hospitali.

"Unamwona nani?" askari wa langoni aliuliza.

"Wendy, wadi ya watoto. Mimi ni dada yake. Naitwa Lynn."

Askari alipitisha kidole kwenye daftari, akalipata jina, akalitia alama. "Mgonjwa mmoja, mgeni mmoja. Saa saba lazima uwe umetoka."

Ilikuwa rahisi hivyo.

Kitanda cha Wendy kilikuwa mwisho wa wadi, nyuma ya pazia la kijani. Kagure alilivuta pazia. Wendy alikuwa ameketi, amenyolewa nywele zote. Bandeji zilikuwa zimefunguliwa ili vidonda vioshwe. Shavu lake la kulia lilikuwa jekundu na lenye unyevu, kama nyama isiyo na ngozi. Kagure alitazama, akashindwa kuacha kutazama.

"Nani amekuruhusu?" Wendy aliuliza.

"Nimekuja kukuona. Unaendeleaje?"

"Toka, Kagure."

"Lakini mimi ni—"

"Toka. Nilisema sitaki mtu. Tafadhali, toka."

Kagure hakutoka. Alipiga hatua moja mbele, akitaka kumshika mkono. Wendy alishika shuka kwa haraka, akajifunika uso. Shuka likagusa kidonda na kunata. Alipojaribu kulibandua, damu ilitoka, na Wendy akalia kwa sauti ambayo Kagure hakuwahi kuisikia kwa mtu yeyote.

Sista Rowda alikuja mbio na sinia lake la dawa. Alimtazama Kagure mara moja tu. "Wewe ndiye wa jana," alisema. "Nenda nje. Sasa hivi."

Kagure aliposhuka hadi langoni, alimkuta msichana mwenye chupa ya uji mkononi akizungumza na askari.

"Lynn ameshaingia," askari alikuwa akisema. "Tazama, nimetia alama."

"Lynn ni mimi," msichana yule alijibu. "Nimetoka Karatina. Wiki nzima niko kazini, siku yangu ni leo tu."

Kagure angeweza kusema. Maneno mawili matatu yangetosha. Badala yake aliinamisha kichwa, akapita pembeni yao, akaenda zake. Askari alipothibitisha ukweli kutoka wadini, saa za kuona wagonjwa zilikuwa zimekwisha. Lynn aliacha chupa ya uji langoni na kurudi Karatina bila kumwona mdogo wake.

Jumatatu Griffins alimsogelea Kagure wakati wa mapumziko. "Hebu sema. Habari ulizotuahidi ziko wapi?"

Alikuwa na nafasi ya kunyamaza, lakini ile kauli ya Ijumaa ilikuwa bado inamwasha. "Nimemwona," alisema. Akaeleza kila kitu, kichwa kilichonyolewa, shavu, rangi yake. Kufika saa nane, wavulana wa nyuma walikuwa wamempa Wendy jina. Walimwita Mandazi. Kagure hakucheka, lakini pia hakusema, "Acheni."

Maneno hayana mguu, lakini hufika. Alhamisi jioni Mama Lynn alikuja kwenye chumba cha ushonaji, Waithira na Kagure wakiwa humo. Alikataa kiti.

"Mama Kagure, sikuja kugombana," alisema. "Sista amenieleza ni nani aliyeingia kwa jina la Lynn. Mtoto wangu alitoka damu upya. Hayo tungeyavumilia. Lakini jana watoto walipita kibandani kwangu wakiitana lile jina, wakicheka. Wendy alikuwa akiniuliza kila siku watoto wanasemaje juu yake. Sijui kumdanganya. Sasa amesema akitoka hospitalini harudi shule ile."

Kisha akaondoka. Waithira alizima cherehani. Akamgeukia bintiye.

"Kwaya," alisema. "Uliniambia unaenda kwaya."

Kagure alilia. Mama yake hakumpiga wala hakumbembeleza. Alimwacha alie hadi akamaliza, kisha akasema, "Jumamosi tutaenda. Utasema ulichofanya kwa kila uliyemdanganya, kwa kinywa chako mwenyewe."

Jumamosi ilipofika, Kagure alianza na askari, ambaye alikuwa ameonywa kazini kwa sababu yake. Askari alisikiliza, akasema tu, "Nilikuamini." Lynn, waliyemkuta langoni, alisema, "Uliniona nimesimama pale. Ulinipita." Kagure alikubali kwamba alimwona. Lynn akaingia ndani.

Mwisho walifika kwa Sista Rowda. Kagure alipomaliza kuomba radhi, aliuliza, "Naweza kumwomba Wendy msamaha?"

"Nitamuuliza yeye."

Walisubiri kwenye benchi la ukumbini. Sista Rowda alirudi baada ya dakika chache. "Amesema hapana."

Safari hii Kagure hakubisha. "Sawa," alisema. "Asante kwa kumuuliza." Wakarudi nyumbani kwa miguu, mama na mtoto.

Jumatatu, mbele ya darasa, Kagure alisema yote: kwamba alidanganya langoni, kwamba Wendy alimfukuza naye akakataa kutoka, na kwamba habari alizoleta hazikuwa zake kuzitoa. Griffins alitazama chini. Mwalimu Wambugu alipiga marufuku lile jina. Halikukoma siku hiyo, lakini kufikia mwisho wa muhula hakuna aliyelitaja tena. Mwalimu alikwenda mwenyewe kwa Mama Lynn mara mbili kumweleza hivyo.

Wendy alirudi shuleni Septemba, kovu likimpanda kutoka shingoni hadi shavuni. Aliomba kuketi mbele, kando ya mwanafunzi mwingine, Gathoni. Kagure alimsubiri wakati wa mapumziko, akasimama mbali kidogo.

"Wendy, unaniruhusu niseme kitu?"

"Sema."

"Nisamehe. Nilikukosea."

Wendy alifikiri. "Nilikuambia toka. Ukabaki unanitazama." Alirekebisha kola ya sweta lake. "Nimekusamehe, Kagure. Lakini hatutakuwa kama zamani. Sijui kama siku moja tutakuwa."

Jioni hiyo Kagure alimweleza mama yake. Waithira alikuwa akipinda ukosi wa shati, akauweka chini.

"Wahenga walisema, mwenye kovu usidhani kapoa," alisema. "Mtu mwenye afya asiyetaka kukuona anaweza kufunga mlango, au akaondoka. Mgonjwa hawezi. Yuko pale kitandani, na kila apitaye anaweza kumtazama. Amebaki na neno moja tu la kujikinga, nalo ni hapana. Wewe ulimnyang'anya hilo kwa uongo, halafu ukauita urafiki. Anayempenda mgonjwa huuliza kwanza, na akikataliwa hurudi nyumbani."

"Na akikataa kuwa rafiki yangu milele?"

"Basi utaliheshimu hilo milele," mama yake alisema. "Msamaha amekupa. Urafiki ni wake, hutaudai."