Sikio la Binti wa Koplo

Ukitaka kujua habari za kambi, usiende ofisini. Nenda barazani kwa Fundi, nyumba ya nne, mstari wa pili. Utaisikia cherehani yake kabla hujaiona.

Fundi ni mke wa Koplo. Anashona mapazia, sare za shule, na suruali za jeshi zilizochanika magotini. Mchana mlango wake hauna pazia. La nini, wakati watu wanaingia na kutoka kama sokoni? Huyu kaleta kifungo, yule kaleta umbea. Wote wanakalishwa.

Koplo mwenyewe alikuwa mpakani mwezi wa nane sasa. Jina lake lilikuwa linafikiriwa kwa kozi ya kuwa sajenti. Mstari mzima ulijua, maana Fundi aliwaambia wote, mmoja mmoja, kwa siri.

Walikuwa na mtoto mmoja, binti wa miaka tisa. Watu walimwita Tarumbeta. Akitoka shule, aliwapanga watoto wenzake uwanjani.

"Mguu... sawa! Nyuma... geuka!"

Sauti ilifika mpaka getini. Mlinzi alikuwa akicheka, anasema siku moja atageuka kweli.

"Hiyo ni damu ya baba yake," wanawake walisema. "Huyo ni afande mtupu."

Kichwa cha Fundi kilivimba kwa sifa. Lakini kulikuwa na jambo ambalo hakulisema barazani. Sikio la kulia la mtoto lilikuwa likitoa maji yenye harufu. Wiki ya tatu sasa. Fundi alikuwa akilitia mafuta ya uvuguvugu na kuliziba kwa pamba. Mwalimu naye alishaandika kwenye daftari: "Hasikilizi darasani." Kwa hilo Tarumbeta aligombezwa siku mbili.

Kadi ya bima ya afya ilikuwepo. Fundi aliifunga kwenye nailoni, akaiweka sandukuni pamoja na nishani za mumewe. Tangu aipate, haijawahi kuona jua.

Siku ya Jumatano, mchana, Sajenti wa kike alibisha hodi. Ni karani wa ofisi ya bima ya kambi, mama mnene, mcheshi, asiyependa mambo nusunusu.

"Hodi humu!"

"Karibu, afande."

"Uafande niachie ofisini. Hapa mimi ni mteja tu, na sketi imenikataa."

Mke wa Dereva, jirani wa ukuta kwa ukuta, alikuwa amekaa kwenye mkeka akichambua mboga. Naye hapitwi.

"Sketi haijakukataa, dada. Wewe ndiye umeionea."

Wakacheka mpaka Fundi akashindwa kutunga uzi kwenye sindano. Tarumbeta alikuwa amekaa kwenye ngazi ya baraza, amewapa mgongo, anafanya hesabu za shule.

"Mwanangu," Sajenti akasema, "nipe huo utepe wa kupimia."

Mtoto hakugeuka.

"Binti! Utepe, mama."

Sajenti akapiga makofi mawili nyuma yake. Tarumbeta aliendelea kuandika.

"Ndivyo alivyo siku hizi," Fundi akasema kwa aibu. "Amekuwa mkaidi."

Sajenti akainama, akamgusa bega. Mtoto akaruka.

"SHIKAMOO!"

"Marahaba, mwanangu." Safari hii Sajenti hakucheka. Alitazama pamba iliyokuwa sikioni. "Fundi, huyu hana ukaidi. Hasikii."

"Hasikii? Sauti yote ile?"

"Anapaza sauti kwa sababu hasikii vizuri sauti yake mwenyewe. Nyinyi mmekaa mnamsifu afande, kumbe mtoto yuko peke yake huko ndani."

Cherehani ikasimama. Mke wa Dereva akaweka mboga chini.

"Umempeleka hospitali?" Sajenti akauliza.

Fundi akamtazama jirani yake, kisha akatazama sakafu.

"Sema, mdogo wangu."

"Naogopa kuitumia kadi. Mume wangu anangoja kozi. Nikitumia kadi, inaandikwa kwenye faili lake. Wakubwa wataona nyumba yake ni wagonjwa tu, mzigo kwa jeshi. Watampa mwingine."

"Nani kakwambia?"

Macho ya Fundi yakamwendea jirani yake. Mke wa Dereva akajikohoza.

"Mimi nilisema tu nilivyosikia. Si unamkumbuka yule koplo wa nyumba ya kumi? Mkewe alikuwa haishi hospitali. Jamaa akanyimwa cheo."

"Yule?" Sajenti akashika kiuno. "Yule alilaza lori la jeshi mtaroni, mchana kweupe, akasema mti ulimfuata! Hilo ndilo lililomnyima cheo. Mke wake na presha yake wanahusikaje?"

Mke wa Dereva aliziba mdomo kwa khanga, lakini kicheko kilimponyoka. Fundi hakucheka. Machozi yalikuwa karibu.

Sajenti akavuta kigoda, akakaa naye uso kwa uso.

"Nisikilize, Fundi. Faili la kazi liko huku. Faili la hospitali liko kule. Wanaopandisha watu vyeo wanatazama kazi ya askari. Hawasomi mkewe anaumwa nini wala mtoto anatumia dawa gani. Daktari anaandikia ofisi ya bima ili hospitali ilipwe. Basi."

"Kumbe?"

"Na jambo la pili. Bima hii si zawadi, wala si huruma ya mtu. Ni haki ya askari na familia yake. Koplo amesimama juani mpakani, na hii ni sehemu ya jasho lake. Ukiificha sandukuni, unaficha jasho lake."

Fundi akajifuta uso kwa ile sketi aliyoletewa na Sajenti. Sajenti aliona, akamwachia.

"Basi nampeleka leo hii," Fundi akasema, akanyanyuka.

"Ngoja. Kadi unayo ya nani?"

"Yangu. Mtoto si yumo humohumo?"

"Ulimwandikisha lini?"

"Kila mwezi bwana nyumba, yule wa ofisi ya nyumba za kambi, anapita kutuhesabu! Anaandika baba, mama, mtoto mmoja. Jeshi linamjua mwanangu."

Sajenti akatikisa kichwa. Hili alishalisikia mara nyingi.

"Ile ni orodha ya nyumba. Wanataka kujua nani analala humu na maji yanatumika kiasi gani. Orodha ya bima ni nyingine. Huko mtoto anaandikishwa na mzazi wake aliye askari. Inatakiwa nakala ya cheti cha kuzaliwa, picha ndogo, na fomu yenye saini ya Koplo. Mtoto akizaliwa, unamwandikisha mapema. Husubiri augue."

"Miaka tisa!" Fundi akashika kichwa. "Miaka tisa mwanangu hayumo!"

"Leo ataingia. Lakini Koplo lazima asaini. Na ili asaini, lazima umwambie."

Hapo ndipo Fundi alipoketi tena. Alikuwa akimwambia mumewe kila Jumapili, "Huku sote wazima." Sasa atasema nini? Hata hivyo, alipomtazama mwanawe pale kwenye ngazi, akachukua simu.

Koplo alisikiliza mpaka mwisho. Laini ikakwaruza.

"Baba Tarumbeta, upo?"

"Nipo. Yaani mtoto anaumwa sikio wiki tatu ili mimi nipate cheo?"

"Nilidhani nakulinda."

"Mke wangu, cheo kikija, nitafurahi. Kisipokuja, bado ni askari. Lakini mimi nimesimama huku nalinda watu nisiowajua hata majina. Wa kwangu nimlinde kwa kitu gani? Kwa hiyo kadi! Mwambie Sajenti alete fomu sasa hivi."

"Hujanikasirikia?"

"Nimekasirika. Nitakuwa nimepoa nikija likizo. Fanya haraka."

Sajenti aliituma fomu mpakani kwa barua pepe ya ofisi. Fundi alikimbia kutafuta cheti cha kuzaliwa. Mke wa Dereva, ambaye maneno yake yalileta yote haya, alimwosha Tarumbeta uso, akampeleka mbio kupiga picha. Kabla ofisi haijafungwa, fomu ilirudi. Ilikuwa na saini ya Koplo na muhuri wa mkuu wake. Mtoto akaingizwa kwenye orodha. Akapewa barua ya kutumia mpaka kadi yake itoke.

Asubuhi iliyofuata walikuwa hospitali ya kambi. Fundi alibeba barua, kadi yake na kitambulisho. Daktari aliangalia masikio yote mawili kwa tochi ndogo.

"Umetia nini humu, mama?"

"Mafuta kidogo, daktari."

"Usirudie tena. Sikio linalotoa maji halitiwi mafuta, wala njiti, wala kitu chochote ambacho hukupewa hospitali. Unampeleka kupimwa. Hili la kulia ngoma yake imetoboka. Na la kushoto limejaa maji mazito kwa ndani. Ndiyo maana hasikii pande zote."

"Atapona?"

"Amefika kabla hatujachelewa. Nakupa barua ya rufaa kwa bingwa wa masikio. Usiende bila barua hii, maana bima inaitaka. Ikiwa ni dharura, kwa mfano ajali au mtoto hapumui, unakimbilia hospitali iliyo karibu, kisha unatoa taarifa ofisini upesi. Lakini kwa hili, barua kwanza."

Bingwa alilitibu sikio la kulia kwa dawa ya matone na kuagiza lisiingie maji. La kushoto alilifanyia upasuaji mdogo, maji yakatoka. Tarumbeta alilala hospitali siku moja tu.

Siku hiyohiyo majina ya kozi yalibandikwa. Koplo alikuwa wa tatu kutoka juu. Mke wa Dereva aliyasoma mara mbili, kisha akapita mstari mzima akitangaza. Safari hii habari yake ilikuwa ya kweli.

Wiki chache baadaye, Fundi aliweka cherehani kando asubuhi. Akapita nyumba kwa nyumba.

"Cheti cha mtoto kiko wapi? Picha je? Wewe, kichanga chako umekiandikisha? Usiniambie bwana nyumba amekihesabu!"

Wanawake kumi na mmoja walitoka. Wengine na watoto mgongoni, wengine na bahasha kwapani. Wakaelekea ofisi ya bima. Fundi mbele, shingo imenyooka, Tarumbeta kando yake. Walipokutana na mwanamke mgeni, mke wa askari wa jeshi jingine aliyekuja juzi kutembea, Fundi alimweleza palepale njiani.

"Uliza ofisini kwako kwanza, mama. Kila jeshi lina utaratibu wake. Uliza nani anaandikishwa, umri wa mwisho wa mtoto ni upi, na hospitali gani mnaruhusiwa. Usisikilize ya barazani!"

"Hata ya barazani kwako?" mgeni akauliza.

"Hasa ya kwangu!"

Wote wakacheka. Mstari mzima ulikuwa ukitembea kwa maringo kama unakwenda kupokea nishani. Fundi akageuka kwa binti yake. Kwa mazoea, akainama na kupaza sauti mpaka njiwa wakaruka juu ya paa la ghala.

"TARUMBETA! SHIKA BAHASHA, TUNAINGIA!"

Mtoto akachukua bahasha. Akamtazama mama yake, akatabasamu, akasema kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Mama, mbona unanipigia kelele? Nakusikia."