Kipanya cha Masjala

Haya yalimkuta rafiki yangu, karani wa masjala, tena mchana kweupe. Alichoka kubofya "Thibitisha" kutwa nzima, akaweka kwenye kompyuta programu inayobofya yenyewe, kimyakimya, bila mtu kugusa kipanya. Akajinyoosha kitini kama bosi.

Mara umeme ukakatika, kompyuta ikazimika. Chumba hakina dirisha, na mlango wake hufunguka kwa umeme.

"Jamani, nimefungiwa!" akagonga mlango.

"Tulia, kaka, fundi anakuja," mlinzi akajibu kutoka nje. "Ila mwambie mwenzako aache kubofyabofya, ananikera."

"Mwenzangu yupi? Niko peke yangu!"

Ndipo naye akasikia: ta, ta, ta. Akapapasa gizani mpaka akakishika kipanya. Kitufe kilikuwa kikibonyea na kuinuka chini ya kidole chake, nacho kitufe kimelowa jasho la moto lisilo lake.