Mkono Ufike Kinywani

Kwetu siku huanza na mvuke. Kaka yangu ni fundi wa viti vya henzerani. Kabla jua halijapanda, pipa lake la maji linatokota uani. Fito ngumu zinaingia ndani. Zikitoka zimelainika. Anazikunja kwenye kalibu, yaani ubao uliochongwa kwa umbo la mkono wa kiti, kisha anazifunga kwa kamba. Zikikauka anafungua, na mkono wa kiti umepatikana.

Mimi nakaa barazani na cherehani yangu. Nashona foronya za mito ya viti vyake, na sare za watu. Mtaa mzima huniita Shangazi, hata wanaonizidi umri. Nasema sana, najua. Cherehani ina kelele, na mtu wa cherehani hupaza sauti.

Wifi yangu alipojifungua, nyumba ilijaa vigelegele. Kisha ikanyamaza. Mtoto alikuwa wa kike, mzuri, macho makubwa. Lakini mikono yake ilikuwa imenyooka na kukakamaa. Viwiko havikunjiki. Viganja vimepinda kwa ndani. Nyayo nazo zimegeukiana. Kumvisha gauni ilikuwa kazi, basi nikamshonea ya kufunga begani kwa tepe. Tulimwita Bibiye, kwa sababu alikuwa akikutazama kama anayekukagua.

Hospitalini daktari alisema neno moja refu: athrogriposisi. Akasema wampeleke mtoto kliniki ya mazoezi ya viungo mapema. Hawakumpeleka.

"Neno refu namna hii," kaka alisema, "haliwezi kuwa na dawa."

Neno likatoka nyumbani, likaenda mtaani. Huko likaota mapembe. Mmoja alisema linaambukiza. Mwingine alimuuliza wifi yangu alikula nini alipokuwa mjamzito, au alimkosea nani. Maskini, akaacha kutoka nje. Alikuwa akianika nguo za mtoto chumbani, juu ya kitanda.

Siku moja nilimkuta akimnyonyesha. Akanishika mkono.

"Wifi," akasema, "mkono wa mwanangu haufiki kinywani. Leo namlisha mimi. Je, nikifa? Nani atamlisha mtu mzima kijiko kwa kijiko?"

Dirisha lilikuwa wazi, na kaka alikuwa nje akichonga ubao. Nilisikia patasi yake ikinyamaza.

Tangu hapo kaka akawa na siri. Akawa anachonga kitu kidogo, na nikikaribia anakifunika kwa gunia. Kisha Jumapili asubuhi akaja barazani.

"Dada, nishonee kanda nne za kitambaa laini."

"Za nini?"

"Za kazi."

Nikashona. Sina tabia ya kumnyima mdogo wangu kitu. Nilipompelekea ndani, nilikuta beseni la maji ya moto linafuka. Kando yake kulikuwa na kalibu mbili. Jamani, zilikuwa ndogo! Amezipiga msasa mpaka zinang'aa, akazivika pamba ili zisimuumize. Bibiye amelazwa juu ya mto. Wifi ameketi kitandani, amefumba macho.

"Unafanya nini wewe?" nikauliza.

"Dada, tuachie. Samaki mkunje angali mbichi. Nikisubiri, mifupa itakomaa. Nitamlainisha kwa maji, nimkunje kiwiko kidogo kidogo, nimfunge. Baada ya wiki nafungua."

"Huyo ni fito?"

Akashika mkono wa mtoto juu na chini ya kiwiko, vile vile anavyoshika henzerani. Akakunja. Bibiye akalia kilio ambacho sikuwahi kukisikia, kilio kikali cha maumivu. Sijui nilifikaje katikati yao. Najua nilimpokonya mtoto, na kalibu moja ikaanguka chini.

"Mguse tena uone!" nikamwambia. "Sogea huko! Nakwenda na kurudi. Nikikuta umemgusa, mimi na wewe basi!"

Nikampa wifi mtoto wake, nikatoka mbio na tepu yangu ya kupimia shingoni.

Nyumba ya tatu kutoka kwetu anakaa Dada Mazoezi. Ni mtaalamu wa mazoezi ya viungo hospitalini. Namjua kwa sababu namshonea sare. Hawezi kunipita nimeinama kwenye cherehani bila kunigombeza: "Shangazi, mgongo!" Siku hiyo alinikuta mlangoni kwake, mgongo umenyooka kama mlingoti, pumzi imekatika.

Alikuja na kanga yake ya nyumbani, hakubadilisha hata ndara. Aliingia, akaona beseni, akaona kalibu. Hakugomba. Alinawa mikono, akampokea mtoto, akampapasa taratibu kuanzia begani hadi vidoleni. Akaangalia uso wa mtoto muda wote.

"Sioni dalili ya kuvunjika," akasema mwishoni. "Lakini twende hospitali sasa hivi apigwe picha, tuhakikishe."

Picha ilipigwa. Mfupa ulikuwa mzima. Kaka aliposikia hivyo aliketi sakafuni pale pale ukumbini, akalia mbele za watu. Wifi akaketi kando yake.

Tuliporudi nyumbani, Dada Mazoezi akavuta kiti cha henzerani, akamtazama kaka.

"Kaka, wewe ni fundi. Fito ikikataa kukunjika, ukailazimisha, inakuwaje?"

"Inapasuka."

"Mtoto huyu tumboni hakujinyoosha wala kujikunja kama wengine. Kiungo kisichotumika hukakamaa. Mfupa nao ukikosa kazi huwa mwembamba. Ukiulazimisha, unavunjika. Tena fito haina damu, haina mishipa, haisikii maumivu. Maji yale ya moto yangemuunguza ngozi tu."

"Lakini wahenga walisema samaki mkunje angali mbichi," kaka akasema kwa sauti ndogo.

"Na walisema kweli. Kuanza mapema ni vizuri. Ila walisema mkunje, hawakusema mvunje."

Wifi akainua kichwa. Ilikuwa mara ya kwanza siku hiyo.

"Dada, ule ugonjwa," akasema. "Lile neno. Linaua?"

"Hebu tulifungue neno lenyewe," Dada Mazoezi akajibu. "Linatokana na Kigiriki cha kale. Nusu ya kwanza ni kiungo, kama kiwiko au goti. Nusu ya pili ni kupinda. Athrogriposisi: viungo vilivyopinda. Hutumika kwa mtoto aliyezaliwa na viungo vilivyokakamaa, tena katika sehemu mbili za mwili au zaidi. Mtoto mwenye unyayo mmoja tu uliopinda haitwi hivyo."

"Ndiyo hayo tu?" kaka akaruka. "Viungo vilivyopinda? Hilo hata mimi niliona! Daktari angetuambia hivyo hivyo!"

"Alipaswa kuwaeleza, kweli. Nanyi mlipaswa kuuliza."

Kaka akakuna kichwa.

"Sikilizeni tena," Dada Mazoezi akaendelea. "Hilo si jina la ugonjwa mmoja. Ni kama neno homa. Ukisema mtoto ana homa, umesema mwili una joto. Hujasema imeletwa na nini. Inaweza kuwa malaria, inaweza kuwa kidonda. Na athrogriposisi ni hivyo. Chanzo kinaweza kuwa misuli, kinaweza kuwa neva, pengine nafasi ndogo tumboni. Mara nyingine ni ya kurithi, mara nyingi siyo. Ndiyo maana daktari anataka kumchunguza."

"Mimi nilikosea nini?" wifi akauliza.

"Hukukosea kitu, mama. Hukumkunja wewe."

Wifi akalia basi. Alikuwa amelibeba hilo tangu siku ya kujifungua.

"Na kuambukiza?" nikauliza mimi, maana nilitaka jibu la kwenda nalo mtaani.

"Haiambukizi. Mbebeni, mbusuni, mpeni majirani wambebe. Na akili yake msiitilie shaka bure. Watoto wengi wa aina hii wana akili kama wenzao, na huyu anavyotukagua, mimi namwogopa."

"Na magoti yangu je? Yamekakamaa asubuhi. Nami ninayo?"

"Shangazi, wewe ulizaliwa na magoti mazima. Hayo ni umri na kukaa kwenye cherehani. Mgongo!"

Tukacheka. Ilikuwa mara ya kwanza nyumba ile kucheka tangu vigelegele vile.

Kisha akatufundisha. Mtoto aogeshwe maji ya uvuguvugu, unayapima kwa kiwiko chako mwenyewe. Mwili ukiwa na joto, unashika mkono wake karibu na kiungo, wala si mwishoni. Unakunja taratibu mpaka kiungo kikatae. Hapo unasimama. Huongezi nguvu. Unashikilia huku ukiimba kidogo, halafu unaachia. Mtoto akilia kwa maumivu, umezidisha. Unafanya hivyo mara kwa mara kila siku, kila unapombadilisha nepi, ili iwe kama kuoga na kula.

"Msitengeneze cha kumfunga hapa nyumbani," akasema. "Vigamba vya plastiki vya kushikilia viganja vinyooke tutamtengenezea kliniki kwa kipimo chake. Mkivivua mkaona alama nyekundu isiyofifia, msimvike tena. Mje."

"Na kiwiko kitakunjika?" kaka akauliza.

"Siwezi kukuahidi kitakunjika kiasi gani. Naahidi kwamba ukikiacha, kitazidi kukakamaa."

Kesho yake walikwenda kliniki, na keshokutwa yake nikasikia kaka anaimba chumbani. Kaka yangu hajui kuimba. Sauti yake ni ya msumeno. Lakini Bibiye alitulia kumsikiliza, pengine kwa mshangao. Nyayo zake zilitiwa plasta ngumu kliniki, kila wiki wanaitoa na kutia nyingine, mguu unasogea kidogo kila mara. Mimi nilishona mikanda laini ya vigamba vya viganja, nikaitia maua. Kwa nini isiwe na maua?

Haikuwa rahisi. Kuna siku kaka alichoka, akataka kuusukuma mkono mbele kidogo. Wifi akampiga kofi mkononi.

"Mkunje, usimvunje!"

Wifi yangu huyo aliyekuwa haanzi neno mbele ya mumewe! Naye akarudi kuanika nguo uani. Aliyeuliza, alijibiwa. Wapo waliobaki na yao, na hao tuliwaacha nayo.

Bibiye alipoanza kuongea, kiwiko chake cha kulia kilikuwa kinakunjika ukikisukuma. Lakini mwenyewe hakuweza kukikunja. Wifi akavunjika moyo.

"Muda wote huu, wifi, na bado mkono haufiki."

Dada Mazoezi akamjibu, "Misuli yake ya kukunja ni dhaifu, na huenda itabaki hivyo. Lakini kiungo kimelainika, na hiyo ndiyo kazi mliyoifanya. Sasa tutafute kitu cha kuusukuma mkono badala ya msuli. Ukingo wa meza unaweza. Ila iwe meza ya urefu wake, na kiti cha urefu wake."

"Meza?" kaka akasema. "Umesema meza na kiti?"

Alikuwa kama mtu aliyeitwa kwa jina lake. Alimpima mtoto kwa tepu yangu, akapima tena, akarudi kupima kiwiko. Akatengeneza meza ya chini yenye ukingo wa mviringo. Halafu akatoa gunia kabatini, na ndani yake zile kalibu mbili ndogo. Nikashtuka.

"Usiogope, dada," akasema. "Leo zinakunja henzerani."

Mikono ya kiti cha Bibiye ilikunjwa kwenye kalibu zile. Mpini wa kijiko akaunenepesha kwa kuuzungushia ukanda wa henzerani, ili kiganja cha mwanawe kiushike.

Mchana mmoja mteja alikuja kuchukua viti vyake. Akamwona Bibiye ameketi mezani, sahani ya viazi vilivyopondwa mbele yake.

"Fundi, mtoto ana nini?"

Zamani kaka angeinamisha kichwa. Siku hiyo aliendelea kufunga fito zake.

"Ana athrogriposisi. Maana yake alizaliwa na viungo vilivyokakamaa. Haiambukizi, haimuui, na hakuna aliyemroga."

"Loo! Jina refu kuliko mtoto."

"Mtoto anakua. Jina litabaki hapo hapo."

Wifi alikuwa ameinama kuchukua kijiko amlishe, kama kawaida. Bibiye akakivuta kwake. Akachota viazi, vingi mno, vingine vikaanguka. Akauegemeza mkono kwenye ukingo wa meza, akausukuma mwili mbele. Kiwiko kikakunjika. Kijiko kikapanda, kikatetemeka, kikasimama karibu na kidevu. Wifi akanyoosha mkono kumsaidia. Nami nilikuwa nimeuma kidole changu cha kushonea.

Bibiye akamkazia mama yake yale macho ya kukagua.

"Mama, acha," akasema. "Nakula mwenyewe."

Akainamisha kichwa kidogo, na kijiko kikaingia kinywani.