Morriña Sokoni Compostela

Mvua ya Compostela, mji wa Galisia huko Hispania, ilimsukuma Fermín sokoni hadi kwenye meza ya jibini ya Iria, koti lake la kijivu likichuruzika maji. Iria, kitambaa chekundu shingoni, alimpima kwa jicho la utundu.

"Samahani, dada. Natunga kamusi huko Madrid. Kwenu hapa, morriña maana yake nini?"

"Unauliza maneno au unanunua jibini?"

Akanunua. Ndipo Iria akamweleza: ni ugonjwa wa ng'ombe na kondoo, mnyama hudhoofika akaacha kula. Tena ni ule ukiwa wa Mgalisia aliye mbali na kwao.

"Bibi yangu husema lilizaliwa na neno kufa. Ni kufa kidogo kidogo. Nyinyi mnaosema Kihispania mkaliona tamu, mkalichukua."

"Kweli ni tamu," alisema Fermín, ila alikuwa akimtazama msemaji. Akasahau chenji. Kesho yake akarudi, na kila siku aliyobaki mjini.

Siku ya kuondoka, stesheni, alimshika mkono. "Mpenzi, utaolewa nami?"

"Kwani ungependa nikujibu nini?"

Maskini Iria! Alikwisha kukubali moyoni zamani. Lakini Wagalisia hujibu swali kwa swali tangu utotoni, na kijana wa kwao angecheka na kumkumbatia. Fermín alizaliwa Valladolid, ambako ndiyo ni ndiyo. Akainamisha kichwa, akapanda treni.

Hakupiga simu. Iria akakata jibini vipande vya ovyo, akawafokea wateja, chakula kikamshinda. Hatimaye, soko likiwa limefurika, simu ikalia.

"Hujambo, Iria?"

"Ulitaka niwe mgonjwa?"

Fermín akavuta pumzi. "Mimi ndiye mgonjwa. Sili. Kwetu si huko, mbona nimeshikwa na morriña ya huko?"

Swali jingine lilishafika ulimini mwa Iria. Aliling'ata. Alijua akilitoa hilo, mtu huyu hatapiga tena.

"Niulize tena lile la stesheni."

"Utaolewa nami?"

"Ndiyo."

Kina mama wenye vikapu wakageuka wote. Tangu wamjue Iria, hawajamsikia akijibu hivyo. Mmoja akamsogelea, akamgusa paji la uso.

"Mwanangu, unaumwa?"

"Nilikuwa naumwa, mama," alisema Iria, machozi yakimtoka na huku akicheka. "Nimepona."