Kamba Iliyozunguka Nguzo

Jua lilipokaribia kuzama, msokota kamba alijitwika kamba yake begani akamfuata mumewe gatini, shingo upande. Mchana walikuwa wamegombana juu ya sufuria iliyoungua, ugomvi wa kipuuzi kabisa, na hakuna aliyekuwa tayari kujishusha. Mumewe alikuwa mvuna taa. Watu walimwita Kasuku, maana mdomo wake haukujua kupumzika.

Mbele ya gati, katikati ya bahari, ulisimama Mlango. Nguzo mbili za mawe na jiwe moja limelala juu yake, mrefu kuliko paa lolote mjini, bila ukuta wala nyumba. Hakuna aliyejua ulijengwa na nani. Ukichungulia ndani yake uliona bahari, lakini si bahari hii. Huku kukinyesha, kule jua linawaka. Kwenye nguzo zake yaliota mawe yanayong'aa, na ndiyo yaliyowasha taa za kila nyumba. Maji yakipwa, wavunaji waliyafuata kwa miguu, kila mmoja kamba kiunoni, na jamaa yake gatini kashika ncha ya pili. Sheria ilikuwa moja tu: usipite ndani. Na kama tamaa ya mawe makubwa ya upande wa pili imekupitisha, basi rudi palepale ulipopitia.

Kasuku alishuka akilalamika. Ukungu ukatanda. Mkewe akaketi, kamba mkononi, akiisikia ikitembea taratibu.

Kisha ikalegea...

Mume akatokea, si mbele ya Mlango bali kando yake, akija polepole. Alinuka jiwe lililolowa.

"Pole kwa kunisubiri, mke wangu," alisema.

Machale yakamcheza msokota kamba. Tangu waoane Kasuku hakuwahi kumpa pole, hata siku mkewe alipoungua mkono. Akaitazama kamba. Ilitoka mkononi mwake, ikaingia Mlangoni, ikazunguka nguzo ya kushoto kwa nje, ikarudi hadi kiunoni mwa huyu mtu.

"Umepita ndani?" alinong'ona.

"Nani, mimi? Maji tu yameisukuma kamba."

Hapo ndipo alipopaswa kumgeuza, azunguke nguzo, aingie alikotokea. Lakini mikono ya msokota kamba huwaza kabla ya kichwa. Aliona kamba nzuri, kazi ya miezi, ikisuguliwa na mawe makali, akaingiwa na uchungu. Akafungua fundo kiunoni mwa mumewe, akaiachia ile ncha, akaanza kuvuta ya kwake. Kamba ikateleza, ikaizunguka nguzo, ikaingia Mlangoni kwa upande wa pili.

Ikakwama.

Kisha ikavutwa. Mara mbili.

Ilikuwa ishara ya Kasuku, ya kusema nivute. Na Kasuku alikuwa amesimama pembeni yake, mikono mitupu, akitabasamu. Mwanamke akapagawa, akavuta kwa nguvu zake zote. Kamba ikaja nyepesi. Ncha yake ilikuwa ya moto, kama kitu kilichotoka kufumbatwa.

Nyumbani yule mume alisifu chakula. Aliosha vyombo. Alimsikiliza mama yake bila kumkatiza, jambo ambalo mji mzima ungelipa kiingilio kuliona. Lakini kila alipopita karibu na taa, taa ilififia kidogo.

"Mama," msokota kamba alimnong'oneza mamamkwe jikoni, "huyu si mwanao."

Mamamkwe aliendelea kupangusa sahani. "Amekukosea nini?"

"Hajanikosea. Ndiyo maana nasema."

Mama mtu mzima akaiweka sahani chini. "Baba yake naye alizunguka nguzo," alisema hatimaye. "Nikiwa na mimba ya huyuhuyu. Nililia, nikaacha. Hakunipandishia sauti hadi anazikwa. Utamzoea, mwanangu."

"Na yule aliyebaki kule?"

"Alikuwa akiita. Baadaye alichoka."

Usiku ule msokota kamba alilala amejibana ukutani, macho wazi.

Kesho yake jioni, maji yalipokupwa, akasikia sauti kutoka baharini. Hafifu, lakini kali.

"Wewe mwanamke! Umelala? Nivute!"

Akalia kwa furaha na kwa hofu. Huyo ndiye wake, huyo mwenye kelele. Akakimbilia kamba.

Mume alikuwa ameketi kizingitini. Mbele yake lilikuwa rundo la nyuzi, zimepangwa vizuri.

"Ilikuwa imelika," alisema kwa upole. "Nimekufumulia, uisokote upya."

Alikimbia kuazima kamba kwa majirani. Walimtazama yeye, wakamtazama na Kasuku aliyesimama nyuma yake kwa adabu, wakamwambia akapumzike. Ugomvi wa mume na mke huo, walisema.

Basi akarudi, akazichukua nyuzi. Kamba nene haisokotwi na mtu mmoja. Lazima mwingine ashike ncha ya pili, azungushe kinyume chako. Akamwomba mamamkwe, akapiga magoti. Mamamkwe alisema vidole vinamuuma, akafunga dirisha la upande wa bahari.

Ncha ya pili ikachukuliwa na mume. Mkewe alizungusha, naye akazungusha vilevile, kwa kasi ileile, hivyo nyuzi zikazunguka zote kwa pamoja bila kusokoteka. Alipobadilisha upande, naye alibadilisha. Akaongeza kasi, mikono ikachubuka. Nje, sauti ilikuwa imeanza kukwaruza. Maji yalikuwa yanarudi.

Akamtazama usoni kwa mara ya kwanza tangu gatini. Hakuona ubaya wowote pale, wala haraka yoyote.

"Sokota tu, mke wangu," alisema. "Mimi nimeshika."