Sekunde Mbili za Mngurumo

Kila siku saa tisa alasiri, teksi ya shule ilimshusha Pihla mbele ya kisanduku cha barua, ikageuza, ikaenda zake. Yeye ndiye aliyekuwa abiria wa mwisho. Watoto wawili wa darasa la kwanza walishashuka zamani, na kutoka hapo hadi kijiji chake cha Kortejärvi ilikuwa ni misitu mitupu na giza la Novemba.

"Leo tena umeusahau ulimi shuleni?" aliuliza Tellervo, dereva wa teksi, mama mnene mwenye kofia ya sufu. "Kesho uubebe, bwana! Barabara ndefu hii, nimechoka kuongea na waipa za kioo."

Pihla alitabasamu kidogo. "Kwaheri, shangazi."

Kortejärvi ilikuwa na nyumba kumi na moja, na zilizowaka taa zilikuwa sita tu. Hakuna mtoto mwingine aliyeishi pale. Pihla alivua viatu vya theluji mlangoni, akakata kipande cha mkate mweusi wa nafaka ya rai, akapaka siagi. Babu yake, mzee Taisto, alikuwa amelala kwenye kiti cha bembea kama kawaida ya saa zile. Vifaa vyake vya kusikia vilikuwa juu ya kisahani mezani, vimekaa kama maharage mawili. Bila vifaa hivyo, hata ukuta ungeanguka, babu asingeamka.

Pihla alichukua ufunguo wa gari msumarini, akatoka.

Gari lilikuwa nyuma ya banda la kuni. Lilikuwa gari refu, la zamani, lenye buti kubwa, na waya mrefu ulitoka kwenye nguzo ya umeme hadi chini ya boneti ili injini isigande kwa baridi. Ndani yake kulikuwa na kitu ambacho hakikuwepo tena popote nyumbani: redio ya kuchezea kanda. Na kwenye kanda moja kulikuwa na mama.

"Habari za jioni," ilisema sauti ya msichana mdogo. "Huu ni utabiri wa hali ya hewa wa Kortejärvi. Theluji nyingi itaanguka juu ya kofia ya baba. Baba, usicheke, narekodi!"

Halafu babu, babu wa zamani mwenye sauti nene, anaangua kicheko.

Mama alikuwa na miaka kumi alipojirekodi. Sasa alikuwa Norway, akihudumu kwenye nyumba ya kutunzia wazee, na alikuja kila baada ya wiki sita. Siku nyingine Pihla aliijibu ile sauti. "Huku pia kuna theluji," alisema peke yake ndani ya gari. "Leo hakuna aliyekaa na mimi wakati wa chakula." Na msichana wa kwenye kanda aliendelea kutabiri upepo.

Babu alishamfundisha kwamba kwenye baridi kali huwezi kusikiliza redio injini ikiwa imezimwa, maana betri itakufa. Basi Pihla alikuwa akiwasha injini. Alianza kwa dakika kumi. Kufikia katikati ya Novemba zilikuwa saa nzima.

Mshale wa petroli ulikuwa umekwama katikati tangu Pihla hajazaliwa. Babu alijua petroli iliyobaki kwa kuhesabu kilomita. Lakini gari likinguruma limesimama halisogezi hata kilomita moja, na petroli inaisha vilevile.

Jumatatu injini ilikohoa mara tatu, ikazimika. Pihla aligeuza ufunguo. Kitu nyuma ya kiti kililia kwa sauti nyembamba kama mbu aliyekasirika. Akageuza tena, na tena, na tena. Mwishowe yule mbu akanyamaza. Pihla alirudisha ufunguo msumarini, akakaa mezani na kitabu cha hesabu asichokisoma.

Kesho yake babu alitaka kwenda dukani. Gari halikuwaka. Hakushtuka hata kidogo. Alikuwa fundi wa magari kwa miaka hamsini, na macho yake yaling'aa kama ya mtu aliyepata mgeni.

"Pihla! Njoo hapa, masikio yangu!"

Ndivyo alivyomwita walipokuwa wakitengeneza kitu, kwa sababu yeye hakusikia sauti ndogo, hata akiwa na vifaa vyake.

"Injini inataka nini?" aliuliza.

"Cheche na petroli."

"Basi tuanze na petroli. Panda nyuma, ulaze sikio kwenye kiti. Nikifungua ufunguo, pampu itanguruma sekunde mbili tu, kisha itanyamaza. Ikinguruma, ni nzima. Uko tayari?"

Ufunguo uligeuka. Pihla alilaza sikio kwenye kitambaa baridi cha kiti. Kulikuwa kimya. Alisikia moyo wake tu.

"Unasikia?"

Pihla aliona yote kwa mara moja: babu anafungua tangi, anakuta limekauka, anauliza nani. Ufunguo unaondolewa msumarini. Mama wa miaka kumi anabaki peke yake ndani ya gari, naye anabaki peke yake nje.

"Nasikia," alisema.

"Vizuri! Pampu nzima. Basi tatizo ni cheche."

Kwa siku tatu babu alitafuta tatizo la cheche. Alifungua plagi zote, akazipangusa, akaziangalia na miwani miwili. Alibadilisha waya. Alibadilisha koili, kile kifaa kinachozalisha cheche, kwa nyingine iliyokuwa stoo. Kila mara starta ilizunguka kwa bidii na injini ikakataa. Vidole vya babu vilipasuka kwa baridi, akavifunga plasta.

Alhamisi mama alipiga simu.

"Mwanangu, niambie, gari limepona?"

"Bado."

Mwishoni mwa wiki hiyo mama alitarajiwa nyumbani, na babu ndiye angempokea mjini. Kutoka mjini hadi Kortejärvi hapakuwa na basi Jumamosi, na Tellervo alikuwa anakwenda kwenye harusi ya mwanawe huko kusini. "Sikiliza, Pihla. Kama halijawaka hadi kesho jioni, itabidi nibaki nifanye zamu za wenzangu. Nitakuja Krismasi. Ni wiki nne tu."

"Sawa," alisema Pihla. Wiki nne tu.

Jioni hiyo walikula supu ya samaki. Babu alisukuma bakuli kando. Alivua vifaa vya kusikia, akaviweka kwenye kisahani, akaitazama mikono yake kana kwamba ni ya mtu mwingine.

"Miaka hamsini," alisema polepole. "Na sasa nashindwa na gari nililolifungua mwenyewe mara mia. Unajua ninachofikiri? Masikio yalianza. Sasa nadhani na kichwa kinafuata. Nikimaliza mwezi huu nitairudisha leseni. Mzee asiyejua anachokifanya asimwendeshe mjukuu wake."

Pihla aliweka kijiko chini.

"Babu, nilidanganya."

"Nini?"

"Nilidanganya!"

"Sikusikii, binti. Ongea kwa nguvu."

Pihla alisimama. Hakuna siku aliyowahi kupaza sauti hivyo katika nyumba ile. "Nilikudanganya! Pampu haingurumi! Haikunguruma hata Jumanne! Mimi ndiye niliyemaliza petroli, nilikuwa nasikiliza kanda ya mama kila siku! Kichwa chako kizima, babu! Kichwa chako hakina kitu!"

Babu alinyoosha mkono, akachukua vifaa vyake, akavivaa kimoja kimoja.

"Hakina kitu?" aliuliza.

"Nilimaanisha hakina ugonjwa," alisema Pihla, na machozi yakamtoka.

Babu hakucheka, lakini kona ya mdomo wake ilicheza. Akasimama. "Vaa kofia. Duka la vipuri linafungwa saa kumi na mbili; tukitaka kuwapigia simu, tuna dakika arobaini."

Walitoka na tochi. Babu alimimina lita kumi za petroli kutoka kwenye dumu la mashine ya theluji. Pihla akalaza sikio kwenye kiti.

"Unasikia?"

"Kimya, babu. Kimya kabisa."

Babu alilala chali juu ya theluji, akagonga tangi mara mbili kwa nyundo ya mpira, maana pampu nyingine hukwama tu na huamka zikigongwa. "Sasa?"

"Bado kimya."

"Haya. Tusikimbilie kununua. Huenda ni umeme haufiki."

Aliangalia fyuzi ya pampu; ilikuwa nzima. Alifunua zulia la buti, na chini yake kulikuwa na kifuniko cha duara chenye skrubu tatu. Akachomoa plagi ya waya za pampu, akaunganisha taa ndogo ya kupimia. "Fungua ufunguo!" Taa iliwaka sekunde mbili, ikazimika.

"Umeona? Umeme unafika mlangoni, unabisha hodi, na ndani hakuna anayeitika. Pampu imeungua."

"Kwa sababu yangu?"

"Kwa sababu ilizunguka ikiwa kavu. Petroli ndiyo inayoipoza na kuilainisha. Bila petroli inajisaga yenyewe."

Babu alipiga simu duka la vipuri mjini saa kumi na mbili kasoro dakika nne. Ijumaa alasiri, Tellervo alimshusha Pihla na kasha dogo lenye pampu mpya mkononi.

"Leo umebeba ulimi?" aliuliza.

"Nimeubeba, shangazi. Asante kwa kutupitia dukani. Huenda mama akaja kesho!"

"Heh!" alisema Tellervo. "Kumbe una sauti nzuri hivyo, ukaninyima mwaka mzima!"

Babu alikuwa ameshachomoa waya wa betri na kufungua milango yote ya gari, ili mvuke wa petroli utoke na cheche isipatikane. Pihla alisimama upande unaotoka upepo, ameshika tochi. Babu aliizungusha pete kubwa ya juu ya tangi kwa kuigonga na kipande cha mti, si chuma, taratibu, mpaka ikalegea. Pampu ya zamani ilitoka ikidondosha petroli. Ilinuka kuungua. Pihla aliitazama, kitu kidogo kisichozidi kiganja, akashangaa kwamba ndicho kilichokaribia kumzuia mama.

Babu aliingiza pampu mpya, akavalisha pete mpya ya mpira, akabana, akarudisha waya. Kisha akakaa kwenye usukani, akageuza kichwa.

"Masikio yangu?"

Neno lile lilimchoma Pihla. Alilaza sikio kwenye kiti. Ufunguo ukageuka. Na hapo, chini kabisa, kitu kikanguruma: sekunde moja, ya pili, kikanyamaza.

"Nasikia," alisema. "Babu, kweli nasikia."

Babu alimtazama kwenye kioo kwa muda mrefu kuliko sekunde mbili. Halafu akazungusha starta. Injini ilikohoa, ikashika, moshi mweupe ukatanda juu ya theluji. Pihla alikimbilia ndani kupiga simu Norway.

Mama alikaa siku mbili. Siku mbili ni kidogo, lakini zilitosha kwa kuoga mvuke wa sauna Jumamosi, kwa mikate midogo iliyojazwa wali, na kwa kusikiliza ile kanda wote watatu wakiwa garini njia nzima kutoka mjini. Mama aliziba uso kwa aibu. "Baba, mbona hukuitupa!" Pihla alimweleza yote, hata sehemu ya kudanganya. Mama alishika mkono wa Pihla na hakuuachia mpaka kwenye kisanduku cha barua.

Jumapili walimsindikiza kituoni. Basi lilipoondoka, kiti cha mbele kilibaki wazi, na Pihla akahamia hapo. Msitu ulipita, mweusi, upande huu na upande ule.

"Petroli haikuniudhi," alisema babu ghafla. "Pampu nayo ni chuma, kinanunuliwa. Lakini mimi nilikuazima masikio yangu, Pihla. Uliponiambia unasikia, ulinifanya kiziwi mara ya pili. Nikaanza kutilia shaka akili yangu mwenyewe. Fundi yeyote anaweza kutengeneza gari lililoharibika. Hakuna anayeweza kutengeneza lile aliloambiwa ni zima."

"Nisamehe, babu."

"Nilishakusamehe ulipokuwa umesimama na supu yako unanipigia kelele. Ule ndio ulikuwa ukweli mgumu, na uliusema kabla hujalazimishwa." Akabadilisha gia. "Lakini kuna la pili. Wewe ulikuwa na upweke, ukaenda kuiambia kanda. Mimi nilidhani unapenda kunyamaza. Na mtu akiniambia haumwi, nami sisikii kitu, nitajuaje? Hilo nalo usinifiche. Uniambie hata kwa kelele."

Pihla aliutazama mshale wa petroli uliokwama katikati. "Saa tisa ndiyo mbaya kuliko zote," alisema. "Nikishuka kwenye teksi."

Babu aliitikia kwa kichwa polepole, kama anavyofanya akisikia injini na kutambua inachotaka.

Jumatatu Pihla alishuka kwenye kisanduku cha barua, akapita giza, akavua viatu mlangoni. Mezani kulikuwa na vikombe viwili na mkate uliokatwa. Kiti cha bembea kilikuwa kitupu. Babu alikuwa amesimama jikoni, usingizi wake alishaulala mapema siku hiyo, na kisahani cha mezani hakikuwa na kitu juu yake.

"Haya, masikio yangu," alisema. "Nimevaa ya kwangu. Siku ilikuwaje?"